Jiwe Linalopokea Abageni

Kosa lilikuwa langu, na lilikuwa la neno moja tu.

Mwaka wa sabini na saba watafiti wa madini walipiga mahema nyuma ya shule ya kijiji chetu, nusu siku kwa miguu kutoka Kasulu. Mimi walinichukua kazi. Nilipika, nilifua, na kwa kuwa mwandiko wangu unasomeka, Bwana Leonidasi, mkubwa wao, alinipa na kazi ya mawe. Kila jiwe walilorudi nalo kutoka mlimani nililiosha, nikaliandika namba kwa rangi nyeupe, nikaliingiza kwenye daftari na mahali lilipookotwa, kisha nikaliweka kwenye gunia. Hiyo kazi ya gunia niliipenda. Mawe hayakuulizi unatoka wapi.

Mimi na mama tuliingia Tanzania mwaka wa sabini na mbili, nikiwa na miaka kumi na mitano. Huko Burundi nilikuwa karibu kumaliza shule, lakini hapa nilirudishwa darasa la nne kwa ajili ya Kiswahili, nikakaa dawati moja na watoto wanaonifika kifuani, nikamaliza la saba nikiwa mkubwa kuliko wote. Baba hakuvuka mto. Mama alikaa kwanza mpakani, halafu Kibondo, halafu hapa. Kila mahali alilima shamba, na mara mbili aliliacha kabla ya mihogo kukomaa. Sasa ilisemwa kwamba kiangazi hicho malori yatakuja kuchukua wakimbizi waliotawanyika vijijini, wapelekwe makazi mapya kule Mpanda. Mama alisikia. Alitoka nje akaenda kuangalia mihogo yake, akarudi akakaa chini kama mtu aliyebeba mzigo.

Ndiyo maana Bwana Leonidasi aliponiambia kuwa anaweza kuandika barua kwa ofisi ya wilaya, kwamba mimi na mama tunahitajika hapa kwa kazi ya utafiti, sikulala usingizi mzuri tena.

"Barua nitaandika siku ya kuondoka," alisema. "Jumamosi. Ukinikabidhi gunia langu na daftari langu, vyote sawasawa. Mawe kumi na manne, Immakulata. Moja likikosekana nitaulizwa mimi, na mimi nitakuuliza nani?"

"Utaniuliza mimi, bwana."

"Basi."

Mawe yenyewe yalikuwa meusi, mazito kuliko ukubwa wake, na ukilivunja moja ndani linang'aa kama lami iliyokauka. Walikuwa na chombo cha kuyapima, kisanduku chenye mkono wa waya, ukikisogeza karibu na jiwe kinalia tiki-tiki-tiki. Wanawake wa kijiji walikiita nyenje. Walikiogopa nyenje kile. Watu wa hapa wenyewe walikuwa wamehamishwa miaka mitatu nyuma, wakati wa Operesheni Vijiji, nyumba zao za zamani zikaachwa porini. Wakaanza kunong'ona kwamba nyenje inatafuta mahali pa kuwahamishia tena. Katibu wa kijiji akaona afadhali aitishe mkutano.

Ilikuwa Jumatatu. Tulikaa uwanjani tangu saa sita mpaka saa kumi. Bwana Leonidasi ni mtu wa Bukoba, Kiswahili chake ni cha vitabuni, na wazee wengi, hasa akina mama, walikuwa wanamtazama tu mdomo. Katibu akanisimamisha nitafsiri. Mimi tangu alfajiri nilikuwa nimebeba maji ndoo nane, nimefua mashuka ya watu watano. Nilikuwa natafsiri huku magoti yananiambia nikae.

Mzee mmoja akauliza jiwe hilo linaitwaje.

"Yuksenaiti," akasema Bwana Leonidasi. Watu wakacheka. Na yeye akacheka. "Ni jina la Kigiriki. Mgeni kwa Kigiriki ni ksenos. Na hiyo yu ya mbele maana yake ni vizuri, kwa wema. Wataalamu walilipa jina hilo kwa sababu ndani yake mna madini ya kila aina, mengine adimu sana, hayana kwao pengine popote. Hili jiwe limeyapa yote nafasi. Kwa hiyo jina lake ni jiwe linalopokea wageni vizuri."

Nikageuka kwa akina mama nikasema kwa lugha yetu ya Burundi, ambayo na ya hapa ni karibu moja: ni jiwe ryakira abageni.

Wakaguna wote kwa pamoja. Mimi nilidhani wamefurahia maneno ya Kigiriki. Bwana Leonidasi akaendelea: halina uchawi, halitahamisha mtu, ila lina nguvu fulani ndani isiyoonekana, ndiyo hiyo nyenje inaisikia. Si sumu ya kumwangusha mtu leo, lakini si la kuchezea, si la kusaga, si la kulalia. Hayo yote niliyatafsiri. Nadhani hakuna aliyeyasikia. Walikuwa wamebaki kule nyuma, kwenye abageni.

Jumanne mchana nilihesabu gunia. Mawe kumi na moja.

Nilihesabu mara tatu. Halikuwepo la nne, la tisa, wala la kumi na moja. Nikakaa juu ya gunia lenyewe. Isihaka, dereva wa Landrova, mtu wa Ujiji asiyeweza kunyamaza, alikuwa chini ya gari anakaza nati.

"Dada Imma, umekalia mali ya serikali."

"Isihaka, nani aliingia hemani asubuhi?"

"Nani hakuingia? Kijiji kizima cha kina mama kimekuja kuleta maji leo. Mimi nikasema, wallahi, watu wa huku wana moyo. Jana hakuna hata kikombe, leo mitungi kumi. Wanauliza, eti lipi ndilo la maharusi?"

"La nini?"

"La maharusi. Mmoja ananiambia jiwe hili ukiweka ndani ya nyumba linaleta bibi harusi. Nikamwambia mama, basi nipe na mimi mawili, hapa nina mke mmoja tu." Akatoka chini ya gari akicheka, akaniona uso wangu, akaacha.

Hapo ndipo lilinijia. Kwetu mgeni wa nyumbani ni umushitsi. Umugeni ni bibi harusi. Mimi miaka mitano ya Kiswahili ilikuwa imenikaa kichwani, nikachukua wageni wa Bwana Leonidasi nikawavika aba mbele badala ya wa, nikawapa akina mama. Nilikuwa nimesimama mbele ya kijiji, na serikali nyuma yangu, nikawatangazia jiwe linalopokea maharusi. Katika kijiji ambacho vijana wamehamishwa, mashamba yamepotea, na mahari haipatikani. Mama gani mwenye mtoto asiyeoa angekaa kimya?

Sikumwambia Bwana Leonidasi. Nilijua mtu mmoja wa kuanza naye.

Mama Ntirampeba ni mjane, na mwanawe Venanti wakati huo alikuwa na miaka thelathini na tano, mpole, hana hata mtu wa kumpikia zaidi ya mama yake. Nilimkuta uani anamenya mihogo.

"Amahoro, mama."

"Amahoro. Umekuja kuchukua jiwe."

"Nimekuja kuchukua jiwe, mama. Nilikosea. Nilitaka kusema abashitsi."

Akaendelea kumenya. "Ulisema abageni. Tulikuwepo wote, masikio tunayo."

"Nilichoka, mama, nikachanganya na Kiswahili."

"Aa. Jana ulichoka, leo umepumzika. Au umeona limeanza kufanya kazi kwangu?" Akaelekeza kisu upande wa kisima. "Leo asubuhi Venanti amemsalimu binti wa watu. Yeye mwenyewe amefungua mdomo! Miaka mitano sijaona."

"Mama, liko wapi?"

"Chini ya kitanda chake."

"Yule bwana alisema si la kulalia."

"Analalia kitanda, halalii jiwe." Halafu akanitazama, akaona nilivyo. "Wewe mtoto, wataka kulia?"

Nilimweleza habari ya barua. Alisikiliza mpaka mwisho bila kuacha kumenya. Akasema atanipa, lakini yeye pia anaishiwa nguvu. Ana matuta ya viazi nyuma ya nyumba, na Venanti ameenda kwenye shamba la kijiji. Nikachukua jembe. Nilipanda matuta ya viazi mpaka jua likainama, mgongo ukawa si wangu. Alipoleta jiwe namba nne lilikuwa limefungwa kitambaa cheupe, na juu yake ua la mlimani.

"Limelala siku moja tu," alisema kwa huzuni. "Hata kuku anapewa zaidi."

Njiani nikapita dukani kwa Bi Mwajabu, maana aliyekuwa anatangaza habari za maharusi kijijini kuliko wote alikuwa yeye. Bi Mwajabu ni Mwislamu, mume wake huleta chumvi na sabuni kutoka Kigoma, na Kiswahili chake hakina shida. Ila habari aliipata kwa wanawake wanaokuja dukani, tayari imeshageuka.

"Mwanangu, mimi sikuiba," alisema kabla sijauliza. "Nimeletewa. Nikabadilisha na kibaba cha chumvi."

"Na sasa liko wapi?"

"Nimempelekea mtoto wa kaka yangu, Adija. Yuko Kibondo, anauza maandazi karibu na stendi ya malori. Ana miaka thelathini mwanangu, mzuri, anaswali, na hakuna mtu. Nimempa yule wa lori la chumvi asubuhi ya leo."

Nilishika meza ya duka. Kibondo! Bi Mwajabu akanivutia kigoda, akanipa chai, akaapa kwamba kesho lori lingine la chumvi linapita Kasulu, na dereva ni ndugu yake kwa upande wa mama, hatanitoza kitu. Nikaomba ruhusa kwa Bwana Leonidasi nikamwambia nina mgonjwa. Uongo ule nao nilikuwa naubeba.

Jumatano nilitoka kabla ya jogoo, nikatembea mpaka Kasulu, nikakaa juu ya magunia ya chumvi ya Uvinza mpaka Kibondo. Ile barabara mtu akikaa juu ya mzigo, anafika akiwa na vumbi hadi kwenye meno. Nilitazama vilima vile, nikakumbuka tulivyopita huku na mama kwa miguu, upande huuhuu, yeye amebeba sufuria na mimi nimebeba blanketi. Tulipochoka mama alikuwa anasema, bado kidogo. Ilikuwa siku nne bado kidogo.

Adija nilimkuta jioni anafunika maandazi yaliyobaki. Mwanamke mnene, mcheshi, macho hayatulii. Nilipomaliza kueleza alikuwa ameshika tumbo kwa kicheko.

"Kwa hiyo si maharusi, ni wageni?"

"Ni wageni, dada."

"Yaani shangazi ananiletea jiwe la wageni, mimi ninayekaa karibu na stendi ya malori! Wageni ninao, dada yangu. Kila lori linanishushia. Wanakula maandazi kwa mkopo wanaondoka." Akainama chini ya meza, akatoa jiwe namba tisa. Alikuwa ameliweka juu ya karatasi za kufungia maandazi zisipeperuke. "Tangu jana karatasi zimetulia, hilo nalisifu. Mwambie shangazi, bwana harusi akija mzito na mweusi na hasemi kama huyu, nitamtumia yeye kwa lori hilohilo."

Nililala kwake. Alinipa maandazi ya njiani, akalifunga jiwe kwenye gazeti. Alhamisi sikupata gari mpaka saa nane. Niliingia kijijini Ijumaa saa tano, miguu imevimba, nikaenda moja kwa moja hemani, nikayarudisha mawe yale mawili. Kumi na matatu.

Na la kumi na moja?

La kumi na moja nilijua lilipo tangu Jumanne. Nasema kweli. Mama hulala na nguo zake za kubadilisha ameziviringisha chini ya kichwa, na usiku wa Jumanne nilimwona anageuza shingo, anaitafutia mahali, kama mtu aliyelalia gogo. Ningeweza kulitoa saa ileile. Lakini nilipanda matuta ya watu, nikaenda Kibondo na kurudi, ili nisifike kwenye lile.

Nilimkuta anachambua maharage mlangoni. Nikakaa karibu naye, nikaanza kuchambua na mimi. Tulimaliza ungo mzima.

"Umeyapata?" akauliza.

"Mawili."

"Bado moja."

"Bado moja, mama."

Akapepeta ungo, maganda yakaenda na upepo. "Silitoi, mwanangu."

"Mama, bila hilo hakuna barua."

"Barua." Alilitamka kama mtu anayetema mbegu. "Baba yako alikuwa na karatasi zote. Ya shule, ya kazi, ya kanisa, ya kodi. Siku ile walipomjia aliwaonyesha moja baada ya nyingine. Nilisimama pale nikiona. Aliwaonyesha mpaka zikaisha." Akasukuma ungo pembeni. "Mimi si mjinga. Najua lori litakuja, na jina langu litasomwa. Mimi nitapanda. Lakini wewe ukiwa umeolewa na mtu wa hapa, wewe utabaki. Nani atamtoa mke wa mtu nyumbani kwake ampakie kwenye lori? Hukusema mwenyewe kwamba linapokea abageni? Nililichukua kwa ajili yako."

Siku zile zote nilikuwa natafuta karatasi ili yeye abaki, na yeye alikuwa analalia jiwe ili nibaki mimi.

"Mama," nikasema, "jina lake silo. Nilikosea. Yule bwana alisema wageni, wageni wa Kiswahili. Abashitsi. Watu wanaofika na hawana kwao."

Akanigeukia.

"Jiwe linapokea abashitsi?"

"Ego, mama. Ndani yake kuna vitu vingi ambavyo havina mahali pengine, limevikubali vyote. Ndiyo wakaliita hivyo."

"Na wao wakaliona hivyo wenyewe, hao wasomi? Wakalisifu?"

"Wakalisifu."

Mama akaanza kucheka, kicheko kidogo kisicho na nguvu, mabega yanatikisika, mpaka akajifuta macho kwa ncha ya kitenge. "Yoo. Basi wamepata jiwe lenye adabu hiyo, na wao wanalifunga kwenye gunia wanaondoka nalo."

Akaingia ndani. Nilisikia anafungua lile furushi la nguo. Akarudi akaniwekea jiwe mkononi, lina joto la chumbani, namba kumi na moja imefutika nusu kwa kulaliwa.

"Shingo inaniuma tangu Jumanne," akasema. "Lipeleke. Na hiyo karatasi yako nitaitazama. Kuitazama tu."

Jumamosi asubuhi Bwana Leonidasi alimwaga gunia juu ya turubai, akahesabu huku anafuata daftari. Kumi na manne. Alipofika kwenye la kumi na moja akaona rangi iliyofutika, akaniangalia. Kwenye la tisa palikuwa na alama ya mafuta ya maandazi. Akasogeza nyenje, ikalia.

"Haya mawe yametembea," alisema.

"Yametembea kidogo, bwana."

Isihaka akakohoa, akageukia gari. Bwana Leonidasi hakuuliza zaidi. Nadhani alikuwa anajua tangu siku ya mitungi kumi. Alikaa kwenye sanduku, akaandika kwa mkono, akagonga muhuri wa utafiti. Nilisoma nikiwa nimesimama. Ilisema kwamba waliotajwa, mama na binti, wanahitajika katika kijiji hiki, na inaombwa wasihamishwe hadi utafiti utakapokamilika.

"Utakamilika lini, bwana?"

"Tutarudi mwakani," alisema. "Tukirudi, nitakuandikia nyingine."

Landrova ikaondoka na gunia. Isihaka alipiga honi mpaka kwenye mteremko.

Hawakurudi mwakani. Hawajarudi hata leo. Malori ya Mpanda yalikuja kiangazi kilekile, yakaja na kilichofuata. Kila mara tulisimama kwenye mstari pamoja na wengine, na majina yakisomwa mimi nilitoa barua kwenye mfuko wa nailoni. Karani aliisoma, akauliza, "Utafiti haujaisha?" Nikasema bado. Akatupa ishara ya mkono tutoke kwenye mstari. Tulirudi nyumbani bila kugeuka, kwa sababu nyuma yetu watu tuliovuka nao mto walikuwa wanapandisha sufuria zao. Nilijisikia kama niliyeiba. Mama naye akifika nyumbani hulala mchana kutwa.

Venanti alioa mwaka ule wa sabini na saba, mwezi wa kumi, yule binti wa kisimani. Mama yake anasema jiwe lililala siku moja tu, je, lingelala wiki? Mimi sijaolewa. Mama haulizi.

Mwaka huu, sabini na tisa, karani alikuwa mpya, kijana wa kutoka mbali, hana haraka. Barua imeanza kuachana kwenye mikunjo, muhuri umefifia. Aliisoma mara mbili, akaishika juani.

"Sasa hawa watafiti," akauliza, "watarudi lini?"

Nilikuwa nimechoka hata kudanganya. Mama ndiye aliyejibu, kwa Kiswahili chake kile anachokitoa mara moja kwa mwaka.

"Hao ni abageni," alisema. "Hawakutuambia siku."

Karani akatabasamu. "Wageni, mama. Sema wageni."

Akatukunjia barua, akaturudishia. Sikumweleza chochote. Nikamshika mama mkono, tukatoka kwenye mstari.